Roger Williams: Mhubiri Aliyefukuzwa

Wahenga walinena kuwa akufukuzaye hakwambii toka. Lakini Roger Williams, mhubiri Mwingereza, aliambiwa toka waziwazi! Ilikuwa mwaka wa 1635, huko Massachusetts, Marekani ya leo. Kosa lake? Alishikilia kwamba serikali isimwadhibu mtu kwa ajili ya imani yake, na kwamba mfalme hakuwa na haki ya kugawa ardhi ya wenyeji.

Januari 1636 alitoroka kwenye theluji, wenyeji wakamhifadhi. Mwaka huohuo machifu wa Wanarragansett walimpa ardhi, akaanzisha mji wa Providence, chimbuko la jimbo la Rhode Island. Wabatisti, Wakweka na Wayahudi walipata makao jimboni humo. Wakweka aliwapinga vikali kwa maneno, lakini hakuwafukuza.

Mimi kama mwanachama wa Chama cha Kiswahili, kilichonigusa zaidi ni kwamba alijifunza lugha ya wenyeji wake, hata akaiandikia kitabu mwaka wa 1643. Alifariki mwaka wa 1683.

Hapa shuleni tuna dini na makabila tele. Jamani, tubishane tu, lakini asifukuzwe mtu!