Chengwimbe wa Frere Town

Wengi wetu tumewahi kuitazama kwenye televisheni ile michezo ya kihistoria juu ya Wamarekani waliopigana na utumwa. Frederick Douglass aliyetoroka Maryland mwaka wa 1838, na Harriet Tubman aliyerudi mara kwa mara kuwatorosha wenzake, hata wanafunzi wadogo wanawajua. Lakini ukiuliza darasani Chengwimbe alikuwa nani, watu watatazamana tu kama waliomwagiwa maji. Na hali mtu huyu aliishi, akazeeka na kufa hapa hapa Kenya, mjini Mombasa, ambako ukitoka kwetu Kathonzweni ukashuka Makindu ukapanda basi, jioni umefika.

Chengwimbe alikuwa Myao, mzaliwa wa nchi zilizo upande wa Ziwa Nyasa, yapata mwaka wa 1847. Enzi hizo nchi ile ilikuwa imevurugwa na biashara ya watu. Vijiji vilivamiwa, watoto wakatekwa, kisha wakaswagwa kwa miguu hadi pwani kama mbuzi wa mnadani. Kutoka huko walipakiwa majahazini kwenda Unguja, Uarabuni na kwingineko. Chengwimbe alikuwa mmoja wao. Alitekwa angali mtoto, akauzwa, akafikishwa pwani na kutiwa chomboni. Bahati yake (kama mtu aliyekwisha kupoteza baba, mama na kijiji anaweza kuitwa mwenye bahati) ni kwamba manowari za Waingereza zilikuwa zikizunguka baharini kuyawinda majahazi ya watumwa. Jahazi lake lilikamatwa.

Je, alirudishwa kwao? La hasha! Nani angemrudisha, na kwa njia gani, wakati njia yenyewe ilikuwa imejaa wawindaji wa watu? Alivushwa bahari mpaka Bara Hindi, akapelekwa karibu na mji wa Nasik, ambako Wamisionari wa C.M.S. walikuwa na makao ya Waafrika waliookolewa. Huko watoto walifundishwa kusoma na kuandika pamoja na kazi za mikono kama useremala na uhunzi. Ndiko alikobatizwa akaitwa Matthew Wellington. Wellington alikuwa jemadari wa Kiingereza aliyemshinda Napoleon huko Waterloo mwaka wa 1815. Mtoto wa Kiyao na jemadari huyo wana uhusiano gani, mimi sijui! Lakini ndivyo ilivyokuwa: mtu anapata uhuru kwa mkono huu, na kwa mkono ule anapokonywa jina alilopewa na mama yake. Mimi katika makala haya nitamwita Chengwimbe.

Mwaka wa 1872 habari zilienea kwamba Daktari David Livingstone yuko katikati ya Afrika, amechoka na hana wapagazi. Vijana sita wa Nasik waliteuliwa kwenda kumsaidia, Chengwimbe akiwamo, pamoja na Jacob Wainwright na Carus Farrar. Stanley, yule mwandishi wa gazeti aliyekuwa amempata Livingstone kule Ujiji, alituma kutoka pwani watu 57, na vijana wetu walikuwa katika kundi hilo. Walimkuta Livingstone huko Unyanyembe mwezi wa Agosti, wakaanza safari ya kuelekea kusini.

Ilikuwa safari ya mateso. Mvua zilinyesha bila kukoma, nchi ikawa matope na vinamasi, na mzee Livingstone alikuwa akiharisha damu. Mwishowe ikabidi wambebe. Tarehe 1 Mei 1873, katika kijiji cha Chitambo, ambacho siku hizi kiko nchini Zambia, walimkuta amekufa, amepiga magoti kando ya kitanda chake.

Hapa ndipo ninapoomba msomaji asimame kidogo afikiri. Bwana wao amekufa. Hakuna Mzungu hata mmoja wa kuwaamuru. Pwani iko mbali zaidi ya kilomita 1,500. Wangeweza kumzika pale, wakagawana vitambaa na bunduki, kila mtu akashika njia yake. Nani angewauliza? Badala yake walifanya baraza, wakiongozwa na Susi na Chuma, ambao walikuwa na Livingstone kwa miaka mingi. Wakakata shauri: maiti irudi kwao, pamoja na vitabu na vyombo vyake vyote, visipotee hata kimoja.

Basi Farijala, aliyewahi kumtumikia daktari huko Unguja, akaipasua maiti akatoa moyo na matumbo. Hivyo walivizika chini ya mti, na Jacob Wainwright akasoma sala za maziko. Mwili ukatiwa chumvi, ukaanikwa juani kwa muda wa siku 14, ukakunjwa na kufungwa kwa vitambaa, kwa gamba la mti na kwa turubai, kisha ukaning'inizwa kwenye mti wa kubebea. Sisi tunaojua kubeba gunia la ndengu kutoka shambani hadi sokoni tunaweza kukisia kidogo tu mzigo ule ulikuwaje, miezi tisa, njaa, homa, na wenzao wakifa njiani.

Walipofika Unyanyembe walikutana na Waingereza waliokuja kumtafuta Livingstone, wakiongozwa na Luteni Cameron. Cameron aliona heri maiti izikwe pale pale. Wale wapagazi wakakataa katakata! Mbele zaidi waliambiwa kwamba wenyeji hawataki maiti ipite kwao. Wakatumia akili. Walitengeneza mzigo wa uongo, wakajifanya wanaurudisha maiti nyuma kuizika, huku maiti yenyewe wameifunga upya ikaonekana kama bunda la nguo za biashara. Waliingia Bagamoyo mwezi wa Februari 1874.

Na malipo yao? Walipewa mishahara yao wakaambiwa kwaheri. Ni Jacob Wainwright peke yake aliyepanda meli pamoja na jeneza hadi London, ambako Livingstone alizikwa katika kanisa la Westminster Abbey tarehe 18 Aprili 1874. Hata Susi na Chuma walifikishwa Uingereza baadaye, maziko yakiwa yamekwisha. Nishani zilitengenezwa kwa ajili ya wapagazi, lakini zilipokuwa tayari wengi wao walikuwa wametawanyika.

Chengwimbe alikwenda Mombasa. Wakati alipokuwa njiani na maiti, yaani tarehe 5 Juni 1873, Sultani Barghash wa Unguja alikuwa ametia sahihi mkataba wa kufunga soko la watumwa. Kwa hiyo watu waliokamatwa majahazini walihitaji mahali pa kukaa, na mwaka wa 1875 C.M.S. wakaanzisha kijiji huko Kisauni, ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa. Wakakiita Frere Town, kwa heshima ya Sir Bartle Frere aliyetumwa kwa Sultani kuhusu mkataba ule. Chengwimbe akafanya maskani hapo, baadaye akafanya kazi ya serikali Mombasa katika idara ya ujenzi.

Msidhani Frere Town ilikuwa peponi. Sheria zilikuwa kali na viboko vilikuwapo, mpaka ikabidi uchunguzi ufanywe mwaka wa 1881. Nje nako, mabwana waliotorokwa na watumwa wao walitishia kukishambulia kijiji. Mwishoni mwa mwaka wa 1888 ilibidi watoro zaidi ya 1,400 waliojificha katika misheni, Rabai hasa, wakombolewe kwa fedha ili mabwana wao watulie. Jambo hili linatuhusu hata sisi Wakamba, tusijitie hamnazo. Misafara ya babu zetu ilishuka Rabai na Mombasa na pembe za ndovu tangu siku za Kivoi wa Kitui, aliyeuawa mwaka wa 1851, na Kivoi mwenyewe alikuwa na watumwa.

Marekani walifuta utumwa mwaka wa 1865. Unguja ikafuata mwaka wa 1897, na pwani ya Kenya mwaka wa 1907. Yote hayo Chengwimbe aliyashuhudia akiwa hai. Katika uzee wake watu walikuwa wakimwendea kusikia habari za Chitambo, kwa kuwa wenzake wote wa safari ile walikuwa wamekwisha kufa, na kasisi mmoja akaandika kitabu kidogo juu ya maisha yake. Mwaka wa 1934 James Mbotela, mtoto wa mtumwa aliyekombolewa, alitoa kitabu chake Uhuru wa Watumwa. Mwaka uliofuata, 1935, Chengwimbe akafariki dunia.

Ile kengele ya Frere Town iliyokuwa ikipigwa kuwaonya watu kwamba hatari inakuja bado iko Kisauni, kando ya barabara. Mahali penyewe huitwa Kengeleni, na makanga wa matatu hulitaja jina hilo mchana kutwa.