Abushiri bin Salim na Wananchi wa Pangani Walioikataa Kampuni

Mto Pangani, unaopita Korogwe, humwaga maji yake baharini katika mji wa Pangani. Ni katika mji huo ambapo mwaka 1888 wananchi waliukataa utawala wa mabavu wa Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki. Jina linalokumbukwa zaidi katika harakati hizo ni la Abushiri bin Salim al-Harthi.

Abushiri alizaliwa kwa baba Mwarabu na mama Moromo. Alimiliki shamba la miwa karibu na Pangani, lililolimwa kwa jasho la watumwa, na kwa muda mrefu hakuitii mamlaka ya Sultani wa Zanzibar.

Mwezi Aprili 1888, Sultani Khalifa aliikodisha pwani kwa Kampuni, na wakazi hawakuulizwa. Mwezi Agosti, wakala Emil von Zelewski alipandisha bendera ya Kampuni mjini Pangani. Siku za Idi Kubwa, askari wa majini wa Kijerumani waliingia msikitini bila kujali heshima yake.

Mwezi Septemba, wenyeji pamoja na watu waliotoka bara waliwafungia mawakala ndani ya nyumba. Lloyd Mathews, kamanda wa jeshi la Sultani, alikuja kutuliza hali, naye akalazimika kuondoka. Hivyo Abushiri hakuiwasha hasira ya wananchi. Aliikuta inawaka, akaiongoza.

Ujerumani ilimtuma Hermann von Wissmann na askari wa kukodiwa. Tarehe 8 Mei 1889, boma la Abushiri karibu na Bagamoyo lilitekwa. Alikimbilia bara, akaishambulia Mpwapwa, lakini Pangani nayo ikaanguka mwezi Julai. Hatimaye jumbe mmoja alimkabidhi kwa Wajerumani, akanyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889. Bwana Heri wa Saadani, akiungwa mkono na Wazigua, aliendelea kupigana hadi Aprili 1890, njaa ilipomlazimisha kusalimu amri.

Mwaka 1891, mamlaka ya kutawala yaliondolewa mikononi mwa Kampuni na kuchukuliwa na Serikali ya Ujerumani. Uhuru ulikuwa bado mbali, na Abushiri mwenyewe, akiwa mmiliki wa watumwa, hakuwa mtetezi wa uhuru wa kila mtu. Hata hivyo, historia hiyo inathibitisha kuwa mkataba uliotiwa saini bila ridhaa ya wananchi haukudumu, na kwamba wengi walioupinga ni watu wa kawaida ambao majina yao hayakuandikwa popote.