NANI ALIYEMWONA AKIFA? HABARI ZA ASKOFU HANNINGTON

Kijana mwenzangu! Tafuta kivuli ukae usome karatasi hii mpaka mwisho. Usiifungie karanga kwanza.

Kuna kijana mmoja wa bodaboda hapa Mwanhuzi alinishika mkono baada ya mkutano. Akataka kujua, hivi wewe mhubiri unaposema Petro mtume alisulubiwa kichwa chini miguu juu, nani alimwona? Imeandikwa sura gani? Nikafungua Biblia yangu, nikapekua, sikuipata. Nilimjibu maneno mengi sana pale, lakini moyoni nilijua sijamjibu.

Basi nimjibu leo, na wewe usikie. Katika Yohana sura ya 21, Yesu anamdokezea Petro kwamba uzee wake hautaishia kitandani. Halafu kuna barua ya Klementi wa Roma, iliyoandikwa karibu mwaka 96, inayotaja mateso ya Petro na Paulo. Haisemi Petro alitundikwa namna gani. Habari ya kichwa chini inatoka katika kitabu kilichokuja kama miaka mia moja baadaye. Kwa hiyo kufa kwa Petro kwa ajili ya Yesu kuna ushahidi, bali ile miguu juu ni mapokeo. Mapokeo si lazima yawe uongo, lakini hayalingani na jicho lililoona. Mhubiri anatakiwa aseme, hiki kimeandikwa na aliyekuwepo, na hiki nimesimuliwa.

Roma ni mbali, na miaka karibu elfu mbili imepita. Nikupe mtu wa karibu. Huyu alikanyaga nchi hizi za kwetu, akaumwa homa kama tunavyoumwa sisi, na kifo chake tunaweza kukichunguza mpaka siku yenyewe. Jina lake ni JAMES HANNINGTON.

Alizaliwa tarehe 3 Septemba 1847 katika kijiji cha Hurstpierpoint, kusini mwa Uingereza. Baba yake alikuwa tajiri mwenye biashara mjini Brighton. Usidhani alikuwa mtoto mtakatifu. Alikuwa mtundu kupita kiasi! Siku moja alichukua baruti ili alipue kiota cha nyigu, baruti ikamlipukia mkononi, dole gumba la mkono wa kushoto likaenda. Tafadhali likumbuke hilo dole gumba, tutalirudia.

Shule hakuipenda. Alipofika miaka 15 akaiacha, akawekwa ofisini kwa baba yake, akakaa miaka sita na biashara haikumwingia. (Mimi niliishia la saba kwa sababu nyingine, lakini namwelewa.) Baadaye akaenda Oxford, na huko nako akajulikana kwa michezo na utani kuliko kwa vitabu. Mtihani wa kuwa shemasi aliuanguka kwanza. Akaurudia, na mwaka 1874 akawekewa mikono katika kanisa la Anglikana, akapewa vijiji vya Devon avichunge.

Sasa sikia. Mtu huyu amevaa kanzu, anahubiri, anabatiza, anazika watu, na ndani yake hamna kitu! Rafiki yake aitwaye Dawson, ambaye alikuwa ameokoka, alikuwa amemwandikia barua ya wokovu. Barua ile ilimuudhi, akaiweka zaidi ya mwaka mzima bila kuijibu. Ndipo roho ilipombana akamwandikia mwenyewe kuomba msaada. Rafiki hakuweza kuja, akamtumia kitabu. Hannington akasoma utangulizi, akaona hakikuandikwa kisomi, akakitupa. Baadaye akakichukua tena. Alikuwa amelala kitandani akisoma sura ya kusamehewa dhambi, mara akaruka kutoka kitandani, akaanza kuzunguka chumbani akimshukuru Yesu kwa kumfia. Ni yule yule shemasi! Kwa hiyo kijana, usinidanganye kwamba kwenu ni watu wa dini. Hata yeye alikuwa mtu wa dini.

Akaoa mwaka 1877, wakapata watoto. Angeweza kukaa kijijini kwao akanenepa. Lakini Desemba 1877 wamishenari wawili, Shergold Smith na O'Neill, waliuawa Ukerewe. Ndiyo, Ukerewe hii hii ya Mwanza unayoijua. Habari ilipofika Uingereza mwaka uliofuata ilimchoma moyo, na haikumtoka tena. Mwaka 1882 akajitoa kwa shirika la C.M.S., akapanda meli mwezi Mei, akashuka Zanzibar, akaanza safari ya miguu. Mpwapwa, Uyui karibu na Tabora, mpaka Msalala kusini mwa Ziwa Victoria. Jina la Msalala vijana wa Shinyanga na Simiyu mnalijua vizuri.

Njia hiyo ilimmaliza. Homa, kuhara damu, siku nyingine akawa anabebwa na wapagazi kwenye machela. Alikwama huku kusini mwa ziwa bila kufika Uganda, akarudishwa Uingereza mwaka 1883 akiwa amekonda kama mshale.

Mtu mwingine angesema imetosha. Yeye alipona, na tarehe 24 Juni 1884 akafanywa askofu wa kwanza wa Afrika Mashariki upande huu wa ikweta. Januari 1885 akawa Mombasa. Pale akamweka ushemasi William Jones, Mwafrika aliyekombolewa utumwani akiwa mdogo na kulelewa India. Huyu Jones naye mshike, ni shahidi muhimu.

Hapa sasa naomba nisimpake mtu mafuta. Hannington aliona njia ya kusini ni ya magonjwa, na alikuwa na haki kusema hivyo kwa sababu iliutafuna mwili wake mwenyewe. Mwaka 1883 Joseph Thomson alikuwa amepita nchi ya Wamasai akafika ziwani upande wa mashariki, njia fupi yenye baridi nzuri. Askofu akaamua kuifuata hiyo. Mimi nasema alikosea. Alipima joto na milima, hakupima hofu ya watu. Waganda walikuwa na neno la tangu zamani kwamba atakayekuja kuwala atatokea mashariki, kupitia Busoga. Na hofu hiyo haikuwa ya kijinga. Mwaka ule ule wa 1885 Wajerumani walikuwa wanajitwalia nchi za bara nyuma ya pwani ya Zanzibar, na habari zilifika Buganda.

Kabaka Mwanga alikuwa kijana mdogo, umri wako, miaka kama 17. Ametawala tangu 1884. Mwezi Januari 1885 alikuwa amekwisha kuwachoma moto vijana watatu wa Kikristo, Makko Kakumba, Nuwa Serwanga na Yusufu Lugalama. Wamishenari waliokuwa kwake, akina Mackay na Ashe, waliandika barua kumwonya askofu asije kwa njia ya mashariki. Barua haikumfikia.

Akaondoka Rabai tarehe 23 Julai 1885 na wapagazi kama 200. Wakavuka nchi ya Wamasai. Oktoba wakafika Mumias, siku hizo pakiitwa Kwa Sundu, sasa ni Kenya. Pale akamwacha Jones na watu wengi, yeye akachukua wapagazi kama 50 akatangulia kwenda Busoga. Tarehe 21 Oktoba akafika kwa chifu Luba. Alipanda mlimani kuutazama mto Nile, kundi la watu likamrukia, wakamkokota chini kwa nguvu, wakamtia kibandani.

Tunajuaje haya? HANNINGTON ALIYAANDIKA MWENYEWE! Alikuwa na daftari dogo la kumbukumbu za kila siku, na kalamu hakunyang'anywa. Mle ndani ameandika jinsi alivyodhani ni wanyang'anyi wanakwenda kumtupa gengeni, jinsi alivyoimba wimbo wa Yesu huku anakokotwa, halafu akacheka kwa uchungu. Ameandika panya, wadudu, walinzi walevi, homa, na watu waliokuja kumtazama kama mnyama. Hajifanyi shujaa. Siku nyingine anakiri kwamba amechoka kabisa na anaogopa. Anasoma Zaburi. Siku ya mwisho, tarehe 29 Oktoba, ameandika kwamba hana habari yoyote, kwamba Zaburi ya 30 imemtia nguvu, na kwamba usiku fisi alilia karibu akinusa mgonjwa, ila anatumaini huyo fisi hatampata bado. Sisi wa Meatu tunaijua sauti ya fisi usiku. Baada ya hapo daftari ni tupu.

Daftari hilo lilipatikana kwa kununuliwa, likafika kwa wamishenari, likapelekwa Uingereza likapigwa chapa. Huo ni ushahidi wa kwanza.

Ushahidi wa pili ni lile dole gumba. Akina Mackay kule Buganda walisikia uvumi kwamba kuna mzungu mrefu amekamatwa kwa Luba, na kidole gumba kimoja hana. Hapo hapo wakajua ni nani. Wakakimbilia kwa Kabaka kuomba, wasifanikiwe. Unaona mambo ya Mungu? Utundu wa mtoto na nyigu ndio uliotaja jina la askofu mbali na kwao.

Ushahidi wa tatu ni wapagazi. Wanne waliponyoka wakarudi kwa Jones na majeraha yao. Wao ndio walisema kwamba mchana ule askofu alitolewa akaletwa mahali wazi walipokuwa watu wake, wakadhani wanaachiliwa. Kumbe ndiyo saa yenyewe. Wakavuliwa nguo, mikuki ikaanza. Jones alingoja, akahakikisha, kisha akawarudisha waliobaki mpaka pwani. Februari 1886 waliingia Rabai wakiwa wamebeba kitambaa cha buluu kilichoandikwa neno IKABODI kwa herufi nyeupe. Maana yake isome katika Samweli wa Kwanza sura ya 4.

Na mapokeo je? Yapo. Linalopendwa zaidi ni kwamba kabla ya mkuki alimtuma mtu amwambie Kabaka kuwa ameinunua njia ya Uganda kwa uhai wake. Neno hili halimo katika daftari, wala lisingeweza kuwemo, kwa kuwa hakuandika tena. Limetoka midomoni mwa watu. Mimi naliamini, maana linafanana naye, lakini nikilihubiri nitakuambia ni la kusimuliwa. Kuna pia masimulizi ya Busoga kwamba nchi ilipatwa na balaa kwa ajili ya mifupa yake, ikawa kila mahali wanaikataa. Ukweli ulio wazi ni kwamba mifupa ilitoka Busoga ikafika Mumias, na Askofu Tucker akaizika Namirembe tarehe 31 Desemba 1892. Na unajua nani alihudhuria mazishi? Mwanga!

Sasa nikuulize jambo linalonisumbua mimi. Watu karibu 50 waliingia Busoga na askofu, wakatoka wanne. Hao wengine ni nani? Hannington ana kitabu cha maisha yake, alichoandika yule yule Dawson mwaka 1887. Wapagazi hawana. Walikuwa vijana wa Kiafrika, wabeba mizigo, waliofungwa siku nane pamoja naye na kuchomwa mikuki ile ile. Wengine huenda walikuwa wameamini, wengine walifuata ujira tu kama wewe unavyobeba magunia ya pamba. Nikiwahubiri mashahidi nitamtaja askofu mmoja kwa jina, halafu nitanyamaza kidogo kwa ajili ya hao.

Damu haikukoma pale. Yusufu Mukasa Balikuddembe, mkubwa wa vijana wa ikulu, alimkemea Mwanga kwa kumuua askofu, akauawa tarehe 15 Novemba 1885. Tarehe 3 Juni 1886 vijana wengi wakachomwa Namugongo, Wakatoliki na Waanglikana pamoja. Wengi walikuwa rika lako, wengine wadogo kuliko wewe.

Mwanga mwenyewe alipinduliwa, akarudi, akapigana na Waingereza, akakamatwa mwaka 1899 akapelekwa visiwa vya Shelisheli. Huko muuaji huyu alibatizwa, akaitwa Danieli. Akafa mwaka 1903.

Na kule Busoga, miaka mingi baadaye, alifika mmishenari mmoja kijana kutoka Uingereza. Alikuwa mtoto wa Hannington. Mtu aliyesimama mbele yake abatizwe alikuwa mtoto wa Luba, na akambatiza.