T. P. Rajalakshmi, sauti ya kwanza ya sinema ya Kitamil

Wapenzi wa filme za Kihindi wanajua majina ya nyota wa Mumbai. Lakini jina la T. P. Rajalakshmi halisikiki sana nje ya Tamil Nadu, kusini mwa Uhindi. Ni hasara, sababu kule yeye njo alifungua mlango.

Alizaliwa munamo mwaka wa 1911 huko Thiruvaiyaru. Waliozesha huyu binti angali mtoto, kama walivyofanya kwa wengi wa wakati ule, na ndoa haikudumu. Kisha baba yake akafariki. Akiwa na miaka karibu 11, akaingia katika kikundi cha teatre huko Tiruchirappalli ili kutafuta maisha. Kwa jamaa ya Wabrahmin, watu wa tabaka la juu, hiyo ilikuwa haya kubwa. Mwanamke wa jukwaani alihesabiwa kuwa mtu asiye na heshima, na mara nyingi wanaume njo walivaa nguo za kike na kucheza nafasi za wanawake. Yeye akapanda tu. Aliimba hata nyimbo za kudai uhuru, na wakoloni Waingereza wakamtia gerezani.

Hapo ikafika sinema yenye sauti. Filme Kalidas, ya muongozaji H. M. Reddy, ilitengenezwa Bombay na kuonyeshwa Madras tarehe 31 Oktoba 1931. Rajalakshmi alikuwa binti mfalme anayedanganywa na kuolewa na mchunga ng'ombe mjinga. Yeye anasema Kitamil, mume wake anajibu kwa Kitelugu! Watu hawakujali. Katikati ya hadithi hiyo ya zamani aliimba pia wimbo wa gurudumu la kusokota nyuzi, alama ya Gandhi na uhuru. Haukuhusu kabisa mambo ya filme, lakini kila mtu ukumbini alielewa maana yake.

Feza aliyopata hakuikalia. Alianzisha kampuni yake, Sri Rajam Talkies, na munamo 1936 akatoa Miss Kamala, iliyotoka katika riwaya aliyoandika yeye mwenyewe. Aliiandika, akaiongoza, akatoa makuta, tena akacheza. Hakuna mwanamke aliyekuwa ameongoza filme kusini mwa Uhindi mbele yake. Filme yake nyingine, iliyohusu Uhindi na uhuru, ilipata shida mikononi mwa wakaguzi wa serikali ya kikoloni.

Nje ya sinema alipinga desturi ya kuua watoto wachanga wa kike, na hakuishia kwenye maneno: alimchukua mtoto mmoja aliyekuwa hatarini, akamlea pamoja na wake.

Raia walimpa jina Cinema Rani, ni kusema Malkia wa Sinema. Alifariki mwaka wa 1964. Waigizaji wanawake waliomfuata walikuta jukwaa liko wazi, lakini Kalidas yenyewe hawawezi kuiangalia: hakuna nakala inayojulikana iliyobaki, na sauti ile iliyojaza kumbi za Madras ilipotea pamoja nayo.