Kiki Camarena, Askari Kanzu wa Guadalajara

Juzi, baada ya sala ya isha, mpwa wangu alinialika kwake tutazame mchezo wa televisheni uitwao Narcos: Mexico, uliotolewa mwaka 2018. Tuliona sehemu ya kwanza tu. Nilipokuwa nikirudi nyumbani, aliyenikaa moyoni si yule tajiri wa bangi aliyepambwa kwa suti, bali ni askari kanzu ahamiaye Guadalajara na mkewe na mwanawe. Huyo hakubuniwa.

Enrique Camarena, ambaye wenziwe walimwita Kiki, alizaliwa tarehe 26 Julai 1947 mjini Mexicali, huko Mexico, mpakani kabisa na Marekani. Angali mtoto, jamaa zake walivuka mpaka wakakaa Calexico, naye akakulia huko. Alikuwa mwanajeshi, kisha zimamoto, kisha polisi. Mwaka 1974 akaingia DEA, idara ya Marekani ya kupambana na madawa ya kulevya, na baada ya miaka michache akapelekwa Guadalajara.

Kwa nini huko? Katika miaka ya 1970 jeshi la Mexico liliteketeza mashamba ya bangi na kasumba ya Sinaloa. Wakulima wadogo wakaumia. Wakubwa wakahamia Guadalajara na fedha zao. Mmoja wao, Miguel Ángel Félix Gallardo, zamani mwenyewe alikuwa polisi. Ndugu msomaji, usiipite upesi habari hiyo, kwani ndiyo iliyomponza Kiki. Aliwafuata wahalifu katika mji ambao walinzi wake wengi walikwisha kununuliwa. Sisi wa Mombasa, tulioona vijana wakimalizwa na unga, twaijua hali hiyo.

Novemba 1984 wanajeshi walivamia shamba la Búfalo, katika jimbo la Chihuahua, wakachoma bangi tani kwa maelfu. Wenye mali wakataka kumjua mchongezi.

Tarehe 7 Februari 1985, mchana, Kiki alitoka ofisini mwake, katika ubalozi mdogo wa Marekani, kwenda kula na mkewe, Mika. Hakufika. Alitiwa garini kwa nguvu, akapelekwa katika nyumba moja mjini humo, akateswa zaidi ya saa thelathini huku akihojiwa, na maswali yakinaswa katika kanda. Maiti yake iliokotwa tarehe 5 Machi huko Michoacán. Alikuwa na umri wa miaka 37, baba wa watoto watatu wa kiume. Kando yake palikuwa na maiti ya Alfredo Zavala, rubani wa Kimexico aliyemsaidia. Jina la huyu husahauliwa mno, nami naona ni dhuluma.

Félix Gallardo alikamatwa mwaka 1989. Mwenziwe, Rafael Caro Quintero, alikuwa amekwisha tiwa mbaroni mwaka 1985 na kufungwa. Lakini mwaka 2013 mahakama ikamfungulia kwa kasoro ya kisheria, akatoweka. Alinaswa tena mwaka 2022. Februari 2025 Mexico ikamkabidhi kwa Marekani, akafikishwa kortini New York, miaka arubaini baada ya mchana ule Mika alipongoja.