Tumkumbuke Padri Alexis Kagame, Mwandishi wa Habari za Wazee



Katika toleo hili la kumbukumbu tunamkumbuka padri Alexis Kagame, mwanahistoria wa Rwanda. Alizaliwa tarehe 15 Mei 1912 huko Kiyanza, kaskazini mwa Kigali, katika ukoo wa watunza habari wa jumba la mfalme. Alisoma seminari ndogo ya Kabgayi, akapata upadri mwaka 1941. Alikuwa pia mhariri wa gazeti la Kinyamateka.

Wakati ule sehemu kubwa ya historia ya Rwanda ilikuwa vichwani mwa wazee. Watunzi walioitwa abasizi walikariri mashairi marefu ya wafalme. Abiru walishika kwa moyo kanuni za siri za ufalme. Mzee akifa, alizikwa na alichokijua. Kagame, akiwa bado mwanafunzi wa seminari katika miaka ya 1930, alianza kuwaendea wazee hao na kuandika maneno yao kwa Kinyarwanda. Baadaye mfalme Mutara III Rudahigwa aliruhusu hata kanuni za abiru ziandikwe. Mwaka 1943 kilitoka kitabu chake cha historia, Inganji Karinga.

Kazi hiyo haikuwapendeza wote. Mwaka 1952 alitoa kitabu juu ya utawala wa zamani wa Rwanda. Wakoloni wa Kibelgiji walikasirika, akapelekwa Roma. Huko hakukaa bure: alipata shahada ya udaktari wa falsafa mwaka 1955, akarudi nyumbani mwaka 1958.

Mwaka 1959 vurugu zilianza, na mwaka 1961 ufalme ukafutwa. Wazee wa jumba wengine walikufa, wengine wakakimbilia nchi jirani. Lakini maneno yao yalikwisha kuandikwa. Kagame naye aliendelea kuandika, akafundisha katika Chuo Kikuu cha Taifa huko Butare.

Alikuwa na kasoro pia. Aliwasikiliza zaidi watu wa jumba kuliko mkulima wa kilimani. Miaka aliyoipangia wafalme wa kale ilipingwa na wanahistoria wengine, kama Jan Vansina. Sisi tunajua jinsi historia ya upande mmoja inavyoweza kuumiza watu.

Padri Kagame alifariki Nairobi tarehe 2 Desemba 1981, akiwa na miaka 69.

Ndugu zangu, tulipokimbia hatukubeba vitabu, lakini wazee tunao humu humu kambini. Wazazi na wanafunzi, chukueni daftari. Waulizeni wazee wa pande zote, na akina mama msiwasahau. Andikeni jina la msimulizi, kilima chake na siku aliyosimulia. Tusingoje tuanze kuulizana makaburini.



Mwalimu wa shule ya msingi, kambini