KOITALEL ARAP SAMOEI NA NYOKA WA CHUMA

Naomba utulie kidogo unisikilize, kwa maana leo nimekuja kulipa deni.

Deni lenyewe lilianzia kwenye mjadala wa chama chetu cha Kiswahili. Mada ilisema kwamba reli iliiletea Kenya faida kuliko hasara. Mimi nilikuwa upande wa kuunga mkono. Nilisimama mbele ya wenzangu nikatangaza kwamba wale waliopigana na reli walikuwa maadui wa maendeleo, na nikamtaja Koitalel arap Samoei kwa jina. Wee, makofi niliyopigiwa! Nami nilisema kwa moyo wote, kwa sababu marehemu babu yangu alikuwa mtu wa reli. Kazi yake ilikuwa kubadilisha mataruma, yale yanayolaliwa na vyuma vya reli, huko upande wa Muhoroni na Kibigori. Mshahara wa reli ndio uliomsomesha baba, na baba ndiye anayenisomesha mimi.

Tulipokuwa tukitoka, mwalimu mmoja aliniuliza swali dogo tu. Alitaka kujua kama Koitalel alikuwa adui wa treni ama alikuwa adui wa kile treni ilichobeba. Nilitabasamu tu, jibu sikuwa nalo. Tangu siku hiyo nimesoma vitabu vya historia maktabani, nimewauliza wazee, na likizoni nikafika Nandi Hills. Haya ndiyo niliyoyapata.

Inakadiriwa kwamba Koitalel alizaliwa karibu mwaka wa 1860. Watu wake, Wanandi, walikuwa wafugaji na wakulima wa nyanda za juu zinazotazama bonde la Nyando na ziwa Victoria. Wakati huo misafara ya biashara kutoka pwani ilikuwa ikipita sehemu nyingi za bara, lakini ikifika karibu na Unandi ilizunguka. Wanandi walikuwa na sifa ya kutokubali mgeni mwenye bunduki apite kwao kama anapita sokoni.

Baba yake alikuwa Kimnyole arap Turukat, wa ukoo wa Talai, naye alikuwa Orkoiyot. Hapa tusikosee kama nilivyokosea mimi. Orkoiyot hakuwa mfalme wa kukaa kwenye kiti cha enzi. Mambo ya kila siku yaliamuliwa na mabaraza ya wazee. Orkoiyot alikuwa kiongozi wa kiroho na mwonaji wa mambo yajayo. Vijana hawakutoka kwenda vitani bila baraka zake, na alikuwa na wajumbe wake katika kila sehemu ya nchi. Kwa hivyo mtu mmoja aliweza kuwaunganisha watu wengi bila kuwa na askari hata mmoja wa kulipwa.

Inasimuliwa kwamba Kimnyole alitabiri kuja kwa wageni weupe, na kwamba nyoka wa chuma mwenye kutema moto na moshi atatoka upande wa mashariki aje kuzima kiu yake kwenye maji ya ziwa. Lakini mwaka wa 1890 Wanandi wenyewe walimuua. Misiba ilikuwa imefuatana, mifugo ilikufa na vijana wengi walipotea vitani, na lawama zote zikamwangukia yeye. Jamani, fikiria kijana Koitalel: baba ameuawa na watu wale wale ambao yeye atatakiwa kuwaongoza.

Tena urithi wenyewe haukuwa rahisi. Koitalel alishindana na ndugu yake Kipchomber arap Koilegei, na watu wakagawanyika. Mwishowe Kipchomber akahamia kwa Wakipsigis, na kufikia 1895 Koitalel ndiye aliyekuwa Orkoiyot wa Wanandi. Angalia mwaka huo vizuri, kwa maana ndio mwaka ambao Uingereza ilitangaza kuitawala nchi hii. Hakupata hata nafasi ya kupumua.

Basi tumgeukie yule nyoka. Ujenzi wa reli ulianza Mombasa mwaka wa 1896. Upana kati ya chuma na chuma ulikuwa mita moja tu. Wafanyakazi zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka India, na kama 2,500 kati yao walikufa kwa magonjwa na ajali, wengine wakiliwa na simba wa Tsavo. Mwaka wa 1899 reli ilifika Nairobi, ambapo palikuwa kinamasi tu. Kisha ikateremka Bonde la Ufa, ikapanda tena mpaka Mau, zaidi ya mita 2,500 juu ya bahari, halafu ikateremkia bonde la Nyando chini ya milima ya Wanandi. Desemba 1901 ikafika ziwani, mahali palipoitwa Port Florence, yaani Kisumu yetu.

Lakini kumbe vita vilitangulia reli! Mwaka wa 1895 mfanyabiashara Mwingereza aliyeitwa West aliuawa na Wanandi, na serikali ikatuma jeshi. Wakajenga ngome katikati ya nchi. Jeshi likaja tena 1897, likaja 1900, likaja 1903. Dalili ya mvua ni mawingu, na Koitalel aliyaona mawingu hayo kabla ya chuma cha kwanza kulazwa Nyando. Aliona kwanza barabara ya misafara, kisha ngome, kisha askari wanaochukua ng'ombe, ndipo reli. Kwake yeye vitu hivi vyote vilikuwa mnyama mmoja.

Reli ilipofika, Wanandi waliishambulia usiku na mchana. Nyaya za simu zilikatwa zikawa bangili na mikufu ya akina mama. Misumari na skrubu za reli zilichomolewa zikapelekwa kwa wahunzi. Nilipotoa hotuba yangu, sehemu hii ndiyo niliyoitumia kuwachekesha watu, kwamba hawa walidhani reli ni duka la mapambo. Siku hizi sicheki. Treni haiendi bila waya wa kupeleka habari kutoka stesheni moja hadi nyingine, na haiendi kama chuma hakijashikwa na taruma. Mtu asiyekuwa na mzinga anamshika nyoka mahali anapoweza kumshika. Kwa miaka kumi hivi, watu wenye mikuki na ngao waliifanya serikali kubwa kuliko zote duniani wakati huo ikose usingizi. Babu yangu aliwahi kutusimulia kwamba skrubu moja ikilegea, ni roho za watu. Naamini Koitalel alilijua jambo hilo hilo, ila yeye alisimama upande wa pili.

Sitaki kumpaka mtu rangi ya malaika. Waliopoteza maisha na mali katika mashambulizi hayo hawakuwa Waingereza peke yao. Walikuwemo wapagazi, wafanyakazi wa kawaida wa reli, na majirani wa bondeni. Hata majeshi ya serikali yalijaa Waafrika wenzake, wakiwemo Wamaasai walioahidiwa ng'ombe wa kuteka. Yote haya niliyasoma kwa uchungu.

Mwaka wa 1905 serikali iliamua kumaliza neno. Jeshi kubwa kuliko yote yaliyotangulia likakusanywa. Miongoni mwa maofisa wake alikuwa kijana wa miaka 27, Kapteni Richard Meinertzhagen, wa kikosi cha King's African Rifles. Huyu aliona kwamba Wanandi hawatavunjika maadamu Orkoiyot wao yu hai. Basi akapeleka ujumbe wa kuomba wakutane wazungumze amani. Wakapanga siku, tarehe 19 Oktoba 1905, karibu na hapo ulipo mji wa Nandi Hills leo.

Koitalel alikwenda. Alikuwa na sababu nyingi za kukataa, kwa maana hakuna aliyewajua wageni hao kuliko yeye. Lakini nadhani aliona kwamba kama kuna nafasi hata ndogo ya kuwaokoa watu wake, lazima aijaribu. Wahenga walisema heri kufa macho kuliko kufa moyo. Meinertzhagen alikuja na askari kama 80, wengi wao wakiwa wamewekwa tayari kando. Wawili hao walipokutana ana kwa ana, Koitalel alipigwa risasi akafa palepale. Zaidi ya watu 20 waliofuatana naye waliuawa pia.

Meinertzhagen alidai kwamba aliwahi tu kujikinga na mtego. Mabaraza ya uchunguzi yaliketi zaidi ya mara moja, yakamwondolea lawama, lakini mwaka wa 1906 aliondolewa katika nchi hii. Sehemu kubwa ya habari za siku ile tunaipata katika shajara yake mwenyewe, na nafikiri tuipime kwa makini. Mtu huyu alikuja kuwa maarufu kwa elimu ya ndege, na miaka mingi baada ya kufa kwake ikagunduliwa kwamba ndege wengine aliokuwa akiwaonyesha aliwaiba na kuwaandikia habari za uongo. Aliyedanganya juu ya ndege, atashindwaje kudanganya juu ya mtu?

Baada ya kifo cha Koitalel, jeshi liliingia Unandi kama moto katika nyasi kavu. Zaidi ya Wanandi 1,000 waliuawa, nyumba zikachomwa, ng'ombe kwa maelfu wakachukuliwa. Walioishi karibu na reli wakasukumwa kaskazini, mbali na njia ya treni.

Sasa nirudi kwenye swali la mwalimu. Treni ilibeba nini? Fuata reli uone. Ardhi iliyoachwa wazi karibu na njia ikagawiwa walowezi. Mwaka wa 1908 Makaburu kutoka Afrika Kusini walifika Uasin Gishu, wakashika malisho makubwa. Baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, ardhi nyingine ya Wanandi, huko Kipkarren na Kaimosi, ikakatwa kwa ajili ya walowezi waliotoka vitani. Mwaka wa 1924 reli ikafika Eldoret, ili mazao ya mashamba hayo yapate njia ya kwenda baharini. Mwanawe Koitalel, Barsirian arap Manyei, alikamatwa 1923 na hakuachiliwa mpaka 1964. Hesabu mwenyewe, ni miaka 41! Kenya ilipata uhuru akiwa bado kizuizini. Na mwaka wa 1934 watu wa ukoo wa Talai wakahamishwa kwa nguvu hadi Gwassi, kando ya ziwa, mahali penye joto, mbu na mbung'o.

Kwa hivyo jibu ninalo. Koitalel hakuichukia treni kwa sababu inatoa moshi. Aliona kwamba inakuja kwake bila kumwuliza, na kwamba mwenyeji hatakuwa na tikiti.

Nilipofika kwenye jumba la makumbusho linaloitwa kwa jina lake huko Nandi Hills, niliambiwa habari za rungu zake tatu za uongozi. Meinertzhagen alizichukua siku ile ya mauaji akaondoka nazo. Zilikaa Uingereza miaka mia moja, na mwaka wa 2006 mwanawe ndiye aliyezirudisha. Nilisimama pale kitambo. Nilimkumbuka babu na nyundo yake, nikajiuliza kama nimsaliti babu ili nimheshimu Koitalel. Nimeona si lazima. Babu alifanya kazi ya halali kwa jasho lake, na chakula alichotulisha kilikuwa chakula cha kweli. Koitalel naye alikuwa na haki ya kulinda nyumba yake. Reli ile ile ilitupa sisi ada ya shule na ikawanyang'anya wengine malisho. Anayetaja faida peke yake anasimulia nusu ya habari, kama nilivyofanya mimi nikapigiwa makofi.

Wenzangu, kila tarehe 20 Oktoba tunaadhimisha Siku ya Mashujaa. Tunalala vizuri kwa kuwa hakuna masomo. Naomba mwaka ujao tuikumbuke pia siku moja kabla yake, tarehe 19, ambayo mtu mmoja alikwenda kuzungumza amani na hakurudi.

Wino unaniishia na mhariri ananikodolea macho. Yale niliyoyasema kwenye mjadala nayaondoa mbele yenu nyote. Makofi yenu siwezi kuwarudishia, lakini mada ikiletwa tena, tafadhali niwekeni upande wa kupinga.